Kilio cha Ghorofa ya Tatu

Majira ya kuchipua yaliyopita, katika ukumbi mmoja wa muziki katikati ya Stockholm, niligawiwa mlangoni kijitabu chenye sentensi ambayo siwezi kuiacha ipite. Ilisema kwamba Nives Tarabella, mwimbaji na mtunzi kutoka Italia, aliutunga wimbo uliomtambulisha duniani baada ya sherehe ya usiku kucha kwa majirani zake Waafrika, pembezoni mwa jiji. Niliisoma mara mbili nikiwa nimesimama, koti bado mkononi, watu wakinipita kutafuta viti vyao. Nilitumikia masjala ya ofisi ya mtaa hadi nilipostaafu, na kazi ya masjala, kwa wasioijua, ni kuhakikisha kwamba kila shauri linaloingia linapewa jina lake halisi kabla ya kupewa namba, maana shauri lililopewa jina lisilo lake hupotea hata kama namba yake ni sahihi. Sasa basi: haukuwa usiku, ilikuwa alasiri, na jua la Julai lilikuwa likitupiga machoni. Mahali penyewe pana jina, panaitwa Tensta. Na haikuwa sherehe. Aliyeandika angeweza kuniuliza, kwa kuwa nilikuwapo, na anwani yangu haijabadilika tangu wakati huo. Mama Furaha, jirani yangu, aliyekuwa amekwisha kuketi na kukunja mikono juu ya mkoba wake, aliniuliza kijitabu kinasemaje. Nikamwambia kinasema wimbo ni mzuri. Hilo ndilo neno pekee la kweli nililoliona katika ukurasa ule.

Mwaka ninaousimulia ni 2006. Ukoo wangu sitauzungumzia, haumo katika shauri hili. Inatosha kusema kwamba nyumbani kwangu, ghorofa ya tatu, palikuwa na chumba kilichobaki wazi baada ya mwanangu kwenda kusoma kaskazini, na kwamba niliomba kibali cha kampuni ya nyumba kabla ya kumpangisha mtu, jambo lililowachekesha majirani wote, kwani hakuna aliyewahi kusikia mtu wa Tensta akiomba kibali cha namna hiyo. Watu husema mtu huumbwa ujanani. Mimi nilikuwa nakaribia miaka sitini, kichwa kimekwisha kujaa mvi, na mwaka ule ukaniumba upya bila kunitaka shauri. Nives alikuja Januari akiwa na gitaa mgongoni na sanduku lililokatika gurudumu, akaliburuta kutoka kituo cha metro hadi mlangoni pangu, likaacha mfereji katika theluji kana kwamba mtu amelima. Alikuwa na miaka ishirini na saba. Alitoka mji mdogo wa mashamba ya mpunga kaskazini mwa Italia, ambako, kwa maelezo yake, kitu pekee kinachotokea ni ukungu. Alikuwa ameifuata Stockholm kwa ajili ya santuri alizozisikia akiwa mwanafunzi, za bendi ndogo za Kiswidi zilizokuwa zikirekodi vyumbani mwao wenyewe na kuimba huzuni kwa sauti ya uchangamfu. Aliamini kwamba nchi inayoweza kufanya hivyo itamwelewa. Asubuhi alitengeneza kahawa katika mkahawa mmoja wa Odenplan, katikati ya jiji. Jioni aliimba katika vyumba vya chini ya ardhi mbele ya watu wachache waliosimama bila kuvua makoti. Aliimba kwa Kiingereza, kwa sababu bendi zile ziliimba kwa Kiingereza.

Hakutulia. Na kwa haki yake niseme kwamba mwaka ule hakuna aliyetulia. Ofisini kwetu idara mbili zilikuwa zikiunganishwa, na kila Jumatatu tulikuta meza zimehamishwa na mtu mmoja hana kiti. Nami badala ya kushuka kituoni kwangu nilizoea kupitiliza hadi Hjulsta, mwisho wa reli, na kurudi tena, kwa kuwa sikuweza kukaa mahali pasipotembea. Nives alitembea chumbani. Alikwenda kutoka dirishani hadi mlangoni, akinung'unika sauti isiyo na maneno, akaacha, akasogeza kitanda, akaanza upya. Mama Furaha, ambaye mlango wake unatazamana na wangu, alimsikia kupitia ukutani. Mama huyu ni mwenyeji wa Uvira, alifanya kazi ya zamu katika nyumba ya kutunzia wazee, na Jumapili aliongoza kwaya ya Wakongo wanaosali katika ukumbi wa kukodi kule Spånga. Jikoni kwangu aliingia bila kubisha hodi. Aliniita Karani tangu siku niliyomsaidia kusoma barua yake ya kwanza ya serikali, na Nives, aliyelisikia jina hilo kila siku, alilichukua na kuliamini. "Karani," Mama Furaha akaniambia jioni moja, "uyu mutoto anatembea kama mutu mwenye alipoteza funguo. Alipoteza nini?" Nikamweleza kwamba anatafuta wimbo. Akavuta kiti, akaanza kumenya vitunguu vyangu bila kuombwa, akasema wimbo hauko chini ya kitanda.

Urafiki wao ulianzia kwenye wali, kwa ugomvi. Nives aliupika kama wanavyoupika kwao, akisimama juu ya sufuria, akitia mchuzi upawa baada ya upawa na kukoroga pasipo kupumzika, na Mama Furaha alimtazama kama mtu anayetazama ajali inayokuja polepole. Aliniuliza ni wali gani huo unaochungwa kama mtoto mgonjwa. Alipoonja alisema haujaiva na tayari umekuwa uji. Nikatafsiri kwa Kiswidi, neno kwa neno, kama ilivyo desturi yangu, na Nives akajibu kwamba wali wa Mama Furaha umekauka hata mtu anaweza kuuhesabu punje kwa punje. Niliogopa kulifikisha jibu hilo. Nilipolifikisha, Mama Furaha alicheka hadi akajifuta machozi kwa ncha ya kitenge, na tangu siku hiyo Nives alikuwa mwanawe wa kugombana naye. Ndipo siku moja, Nives akiimba huku anakoroga, Mama Furaha akaniuliza kama kwao ni Uingereza. Nikasema ni Italia. Akauliza lugha anayoiimba ni ya nani. Nikasema ni ya Waingereza. Akafikiri kidogo.

"Sasa anamwimbia nani?"

Nikalipeleka swali kama lilivyo kwa aliyeulizwa, na Nives akaacha kukoroga, na wali ukashika chini.

Jambo lililokuwa likimnyima usingizi lazima liwekwe wazi. Majira yale ya kuchipua kampuni moja ndogo ya muziki ya mtaa wa Södermalm ilikuwa imempa mkataba wa albamu moja. Mtayarishaji alikuwa kijana mpole, mwenye skafu shingoni hata siku za joto, naye hakumdai mengi: albamu iwe ya Kiingereza, ikamilike mwisho wa Agosti, na ndani yake uwepo wimbo mmoja wa kuibeba. Nyimbo za kubebwa zilikuwapo. Wa kubeba haukuwapo. Asipoupata, mkataba ungekufa, na hapakuwa na mwingine uliokuwa ukimngoja. Mkahawani walikuwa wamekwisha kumpunguzia zamu. Aliniambia hayo mezani, akivunja mkate bila kuula. Alisema akirudi kwao mikono mitupu mama yake atampikia na hatamuuliza kitu chochote, na huko kutokuulizwa ndiko kutakakommaliza.

Julai, katika wiki ambayo Italia walikuwa wameingia fainali ya Kombe la Dunia, simu ililia kwa Mama Furaha kutoka Uvira. Kaka yake wa pekee alikuwa amefariki. Nives hakuwapo, wiki ile alikuwa akilala studio huko Södermalm. Safari haikuwezekana, hati za kusafiria za Mama Furaha zilikuwa bado mezani mwa ofisi nyingine, na huko nyumbani hawakuweza kungoja, wakazika kesho yake. Kwa hiyo kilio kiliwekwa Tensta, bila maiti wala kaburi. Nasema kilio kama wasemavyo kwetu. Waswahili wengine wangesema matanga. Picha ya marehemu iliteremshwa kutoka ukuta wa chumba cha kulala na kuwekwa juu ya stuli, na sebule ikaondolewa kila kitu, kwa sababu mfiwa haketi juu ya kochi. Wanaume wa kanisani walibeba makochi, meza, televisheni na kabati la vyombo, wakavuka navyo ukumbi mdogo wa ngazi hadi kwangu, na sebule yangu ilipojaa wakaendelea kuvipanga katika chumba cha Nives, kochi juu ya kochi, hadi karibu na dari. Magodoro yakatandikwa sakafuni kwa Mama Furaha. Wanawake wakaketi ndani naye, wanaume wakakaa nje, kama inavyotakiwa. Kwetu nje ni uani, penye moto. Tensta nje ni ngazini. Nami nilijua vizuri kwamba kanuni za kuzuia moto zinakataza kuweka kitu chochote ngazini. Kwa hiyo niliwaagiza wanaume wale kwamba kiti cha kukunja chenye mtu juu yake hakijawekwa, kinatumika, bali kikibaki kitupu hata kwa muda wa kwenda msalani kikunjwe na kuingizwa ndani. Walinicheka siku zote za kilio. Lakini walivikunja.

Niliandika pia tangazo la kubandika mlango wa chini, kama wafanyavyo Waswidi wanapotarajia wageni. Mama Furaha alinikataza kutaja kifo. Alisema majirani wakijua watainamisha macho kwenye lifti na kunyamaza kila watakapomwona, na yeye kifo kimoja kinamtosha. Kwa hiyo tangazo lilisema kwamba ghorofa ya tatu kutakuwa na wageni wengi na nyimbo hadi Jumapili, na kwamba tunaomba radhi kwa usumbufu. Kila neno lilikuwa la kweli, na ningeliandika vile vile leo.

Nives alirudi Jumamosi alasiri. Wenye kumcheka naomba wasimame mahali aliposimama yeye. Chini amesoma kuhusu wageni na nyimbo. Juu amekuta ngazi imejaa wanaume waliovaa vizuri, wanakunywa chai na kuzungumza kwa sauti ya chini. Chumbani kwake amekuta makochi yamepangwa hadi juu, na kutoka mlango wa pili anasikia wanawake wakiimba na kupiga makofi ya taratibu. Mtu wa kwao, kama alivyo mtu wa Sweden, akiona nyumba imeondolewa makochi huelewa jambo moja tu, kwamba watu watacheza dansi. Alivaa gauni la manjano, akapaka midomo rangi, akachukua gitaa na chupa ya mvinyo aliyopewa na mtayarishaji kwa ajili ya fainali, akavuka. Wanaume hawakumzuia, kwani anayekwenda kilioni haulizwi anakwenda wapi. Mmoja wao hata alisimama, akakunja kiti chake kwa kufuata agizo langu, akamfungulia mlango. Mimi nilikuwa nimeshuka madukani kununua sukari. Nilikuwa bado ngazini, mfuko mkononi, niliposikia wimbo umekatika.

Nilimkuta amesimama katikati ya magodoro, gauni likiwaka kama taa katika chumba kile cha vitenge vilivyofungwa viunoni, macho yake kwenye ile picha. Rangi ilikuwa imemtoka usoni, ikabaki ile ya midomo. Alijaribu kurudi nyuma akanigonga mimi na sukari yangu. Nilifungua kinywa nieleze, kwanza kwa wenyeji kisha kwake, kwa utaratibu, jinsi kutoelewana huko kulivyotokea.

"Karani, nyamaza," Mama Furaha akasema kutoka kwenye godoro. Sauti yake ilikuwa imekauka kwa kulia. "Mutoto amekuja. Aketi."

Akaketi. Mwanamke mmoja aliipokea ile chupa bila kuitazama na kuiweka mlangoni pamoja na viatu. Mwingine akavua kitenge chake cha juu na kumfunika magoti. Kisha ikaja sahani, wali, sombe, yaani kisamvu, na dagaa wa Tanganyika waliosafiri sandukuni mwa mtu, kwa kuwa hakuna atokaye kilioni bila kula, na Nives akala, machozi yakidondoka sahanini, na wali ule mkavu akaumaliza wote. Alipomaliza, Mama Furaha aliangalia gitaa akasema aliyekuja na chombo atakitumia. Nives akaanza wimbo wake mmoja wa Kiingereza. Haukufika mbali. Mama Furaha alitikisa kichwa, akanituma nimwambie aimbe kwa lugha ya mama yake. Nives akanong'ona kwamba kwa lugha hiyo hajawahi kutunga kitu. Nikalifikisha. Jibu likawa kwamba basi asitunge, aseme tu anachokiona.

Wimbo uliokatika ulikuwa wa kuongozwa na kuitikiwa. Kiongozi hutoa mstari, na mwisho wa kila mstari wanawake wote hulitaja jina la marehemu, kwa pamoja, chini kidogo ya sauti ya kuongea. Mama Furaha aliushika tena, na Nives, kidole kwa kidole, akautafuta ule mwendo katika nyuzi nene za gitaa hadi akaupata. Kisha akaingia yeye, kwa Kiitaliano. Alinifasiria baadaye aliyoyasema, na hayakuwa makubwa: viatu vilivyopangwa mlangoni, viti vinavyokunjwa na kukunjuliwa ngazini, mwanamume wa pichani, asiyemjua, anayefanana na dada yake. Na mwisho wa kila mstari wanawake waliitika jina, kana kwamba Kiitaliano kilikuwa lugha yao tangu zamani. Nilikuwa nimeisikia sauti ya Nives tangu Januari kupitia ukutani. Sijui ile aliyokuwa akiitumia wakati wote huo ilikuwa ya nani, lakini hii ilikuwa yake. Ngazini wanaume waliweka vikombe chini. Mimi nilisimama na mfuko wa sukari hadi mtu akaja kunipokonya.

Wiki mbili baadaye mtayarishaji alipanda metro hadi Tensta, kwa mara ya kwanza maishani mwake kwa kukiri mwenyewe, na skafu yake, akala wali wa Mama Furaha jikoni kwangu. Nives alikuwa amemwimbia ule wimbo naye alikuwa amepata alichokuwa akikitafuta. Alikuwa tayari kuusamehe Uitaliano wake. Alitaka kitu kimoja, ile sauti ya wanawake. Alisema angewarekodi kanisani kwa alasiri moja tu. Kwamba jina lile linaimbika vizuri sana. Na kwamba watakaosikiliza si lazima wajue ni la nani. Nilitafsiri yote. Mama Furaha anakijua Kiswidi cha kutosha, wazee wake kazini humsimulia maisha yao yote kwa lugha hiyo, lakini siku ile alikataa kukitumia. Alifuta mikono.

"Mwambie ivi, Karani, na usiongeze adabu yako. Ile jina tuliita kwa sababu tulimujua. Mutu mwenye hamujui akiita, kaka yangu atageuka, na ataona hakuna mutu."

Nikasema hivyo hivyo. Kijana aliacha kutafuna. Nives akauliza, kwa sauti ndogo, kama basi wimbo ufe. Mama Furaha akamgeukia, na sasa alisema polepole ili niweze kuandamana naye. "Sauti ya wimbo tuliikuta kanisani, ni ya Mungu, uichukue. Maneno ni yako. Jina, uache mahali pake. Ukifika pale, unyamaze. Sisi tutajua."

Mtayarishaji alikuwa mtu mwenye malezi, hakubisha mezani. Alibisha baadaye, barabarani, Nives akimsindikiza kituoni, na Nives ndiye aliyenisimulia. Kimya ndani ya santuri hudhaniwa ni kasoro, alisema, redio hazitakipokea, basi pawekwe makofi, au kinanda, au Nives mwenyewe apavumie bila maneno. Alimpa hadi mwisho wa Agosti. Ikawa tena ile nenda-rudi ya dirishani na mlangoni, mbaya kuliko ya kwanza, kwa sababu sasa wimbo ulikuwapo na kilichokosekana ni uamuzi. Kutoka jikoni nilimsikia akijaribu. Alifika mahali pale akapavumia. Akarudia, akapiga kofi. Akarudia, akaacha patupu. Kisha kitanda kikasogezwa. Mimi, ambaye sikuwahi kuwa na neno kuhusu muziki, nilijikuta nikishikilia kijiko hewani kila alipopakaribia. Siku moja nilitamani ajaze chochote, apate mkataba wake, sote tulale. Siku hiyo hiyo, alipojaza, nilihisi kama mtu aliyeona mgeni akiketishwa katika kiti cha mwenye nyumba.

Siku ya mwisho alikwenda Södermalm asubuhi. Aliporudi nilijua kwa mwendo wake wa ngazini kwamba mkataba haupo. Alivua viatu, akavipanga sawasawa mlangoni, jambo asilowahi kulifanya, akaketi mbele yangu. Nikamuuliza amewaambiaje.

"Nimewaambia mahali pale pana mtu."

Alikaa hadi Oktoba, hadi mkahawa ulipomaliza zamu zake. Jioni ya kuaga Mama Furaha aliingia jikoni na mchele mnono wa Kiitaliano, akaupika kwa desturi ya akina Nives, amesimama, upawa baada ya upawa, akilalamika kila alipokoroga kwamba mikono inamuuma na kwamba taifa linalopika hivi haliwezi kuwa na muda wa kufanya jambo jingine. Tuliula wote. Ulikuwa haujaiva, na tayari ulikuwa uji. Nives alisema ni kama wa kwao kabisa, na sikuhitaji kutafsiri. Kisha akalishika lile sanduku la gurudumu moja.

Yaliyofuata katika maisha yake nayajua kwa kusoma, lakini nimeyasoma yote. Alirudi katika mji wa ukungu. Mama yake alimpikia wala hakumuuliza. Aliurekodi wimbo katika gereji na rafiki mmoja mpiga ngoma, akaupa jina *Pianerottolo*, ambalo kwa lugha yao ni ule ukumbi mdogo wa ngazi ambapo milango ya majirani hutazamana, na mwisho wa kila mstari akaacha kimya. Redio zilizosemwa zitaukataa zikaupokea. Akatoa albamu, kisha nyingine, akazunguka Italia na nchi jirani katika gari lililobeba ala na godoro, akapata tuzo, na Kiingereza hakukirudia tena. Wenye kalamu wakaanza kukieleza kile kimya. Mmoja aliandika kwamba ni pumzi ya jiji la kisasa. Mwingine, kwamba ni kasoro ya mtambo ambayo msanii aliipenda. Wa tatu, na huyu ndiye aliyenikosesha chakula cha mchana, aliandika kwamba ni ule wakati polisi walipogonga mlango wa sherehe. Polisi! Nilikuwa kwenye ngazi zile tangu mwanzo wa kilio hadi mwisho, ukiacha ile safari ya sukari, na hakuna polisi aliyezipanda. Nives mwenyewe, nasikia, akiulizwa hutabasamu akaagiza maji. Simlaumu. Kueleza kimya kile kungehitaji kulitaja jina, naye aliahidi. Nawalaumu walioona mahali patupu wakadhani hapana mwenyewe, wakajiwekea humo kila walichokuwa nacho mfukoni. Kazi yangu yote ilikuwa kujaza nafasi zilizo wazi. Nafasi isiyojazwa ofisini kwetu ilikuwa aibu. Ilinibidi nifike umri ule ndipo nijifunze, kutoka kwa mwanamke mwenye upawa, kwamba iko nafasi iliyoachwa wazi kwa sababu kumbukumbu imetunzwa sawasawa. Msomaji atakuwa ameona kwamba na mimi jina sijaliandika.

Ndivyo tulivyofika katika ukumbi ule, kwa tiketi alizotutumia yeye. Mama Furaha hakuwahi kuusikia wimbo katika santuri. Alikuwa amekataa kila nilipotaka kumsikilizisha, akisema atausikia kwa mwenyewe. Nives alitoka akiwa na gitaa lile lile na mvi chache mbele ya kichwa, akaimba nyingine zote kwanza, akazungumza kidogo kwa Kiswidi kilichochakaa, asiitaje Tensta wala sisi. Kisha zikaja zile nyuzi nene. Mama Furaha akaacha mkoba. Ilipofika mwisho wa mstari wa kwanza, kile kimya kilipita, kifupi, kama kilivyo kwenye santuri, nikaona midomo yake ikitikisika pasipo sauti. Viatu vikapita, viti vikapita. Katika mstari wa mwisho, ule wa mwanamume anayefanana na dada yake, Nives aliinua mkono kutoka kwenye nyuzi na hakuushusha. Alitazama mbele gizani, ambako hakuweza kutuona. Kimya kikavuka urefu wake wa kawaida. Mtu akakohoa, mwingine akajisogeza kitini, kijitabu kikaanguka mahali. Nilijua kwamba katika watu wote wale hakuna aliyemjua marehemu isipokuwa mmoja, na nikajikuta, mimi mtu wa kanuni, nikiomba moyoni asinyamaze.

Mama Furaha alilitaja. Hakulipaza, alilisema kama mtu anayemwita ndugu aliye chumba cha pili aje kula. Kutoka viti vya mbele ikaja "shhh" kali. Mkono wa Nives ukashuka juu ya nyuzi, na wimbo ukaendelea.

Mama Furaha akaegemea kiti chake. "Karani," akaninong'oneza, "sasa amegeuka, ameona mutu."